Paka mwenye roho tisa na sisi watu wa "mwakani"

Kwa wageni: kila kipindi kikishatoka, mmoja wetu anakaa chini na kuandika lile jambo ambalo dakika hazikutosha kulimaliza. Wiki hii zamu ni yangu.

Mada ilikuwa filamu za watoto zinazowaliza wazazi. Mwenzangu alitaja Coco, mgeni wetu akataja Soul, na mimi nikataja Puss in Boots: The Last Wish. Wakanicheka. "Ile ya paka mwenye viatu? Ile si vichekesho tu?" Muda ukaisha nikiwa bado najitetea. Basi leo nafasi yote ni yangu, na hakuna wa kunikatiza.

Tahadhari kabla hatujaendelea: nitasimulia mpaka mwisho. Filamu ilitoka mwishoni mwa 2022, kwa hiyo muda mmepewa wa kutosha. Kama bado hujaiona, itazame Ijumaa hii na wanao, halafu urudi hapa.

Tulimjua tukiwa shule

Kwa rika letu paka huyu si mgeni. Tulimwona mara ya kwanza kwenye Shrek 2, mwaka 2004, wakati wengi wetu tulikuwa sekondari. Alikuja kama muuaji wa kukodiwa, akashindwa, kisha akavua kofia na kufanya yale macho makubwa ya huruma. Sauti yake ni ya Antonio Banderas, na tangu siku ile hakuna anayeweza kumwazia kwa sauti nyingine. Mwaka 2011 akapewa filamu yake mwenyewe. Ilikuwa ya kufurahisha: unacheka, unatoka, unasahau.

Kwa hiyo sehemu ya pili ilipotangazwa, hakuna aliyeshtuka. Tunazijua sehemu za pili za katuni. Utani uleule, sauti zilezile, na wazazi wanaolipia tiketi na bisi.

Lakini hii, iliyoongozwa na Joel Crawford, ilikuja na habari nyingine kabisa. Hata picha zenyewe zimebadilika. Zinaonekana kama zimepakwa kwa brashi, na kwenye mapigano mwendo unakatikakatika kama unafunua kitabu cha picha haraka. Mwaka 2023 iliteuliwa kuwania Oscar ya filamu bora ya katuni, ikashindwa na Pinocchio ya Guillermo del Toro. Kumbukeni hiyo Pinocchio, nitairudia.

Daktari anauliza: umekufa mara ngapi?

Filamu inaanza na karamu. Puss amejialika kwenye nyumba ya gavana, ameialika na kaunti nzima, na anaimba wimbo wa kujisifu. Kelele zinaamsha jitu lililolala mlimani. Puss anapigana nalo, anashinda, watu wanapiga makofi, na akiwa bado anapokea sifa kengele kubwa inamwangukia. Amekufa.

Anazinduka kwa daktari wa kijiji. Daktari, kwa upole kabisa, anamuuliza amekufa mara ngapi mpaka sasa. Puss anacheka. Yeye ni paka, ana roho tisa, za nini kuhesabu? Kisha wanahesabu pamoja. Kuna siku alijirusha kutoka mnarani akiamini paka lazima aangukie miguu. Kuna ya mzinga. Kuna ya kunyanyua vyuma vizito ili watu wamwone ana misuli. Vifo vyote vinachekesha, na vyote ni vya kijinga. Hesabu inafika nane.

Imebaki moja. Ushauri wa daktari ni kwamba astaafu, atafute nyumba nzuri, awe paka wa kulala mapajani.

Puss hakubali. Anaenda baa, na hapo ndipo anapokaa karibu naye mbwa mwitu mweupe mwenye joho jeusi, anayepiga mluzi. Puss anadhani ni mmoja wa wale wanaowinda watu waliowekewa zawadi juu ya vichwa vyao. Wanapigana. Mbwa mwitu ana miundu miwili, na kwa mara ya kwanza katika filamu zote hizi Puss anakatwa. Damu inamchuruzika kwenye paji la uso. Anaigusa, anaitazama, na nywele zake zinasimama.

Kisha shujaa wetu anakimbia. Anatorokea chooni.

Hiyo ndiyo sehemu ambayo sebuleni kwangu kulinyamaza. Binti yangu ana miaka saba. Amezoea kuona mashujaa wakipigwa na kuinuka. Shujaa anayeogopa kiasi cha kukimbia, hajawahi kumwona. Na waandishi hawakuufanya woga ule kuwa mzaha. Baadaye msituni Puss anasikia ule mluzi tena, au anadhani ameusikia, na anaanza kukimbia ovyo mpaka pumzi zinamkatika. Moyo unampiga ngumi. Anaegemea mti na hawezi kusema. Mbwa mdogo anayesafiri naye hamwambii "jikaze". Hamuulizi maswali. Analaza tu kichwa chake juu ya tumbo la Puss, wanakaa hivyo mpaka pumzi zinarudi.

Wengine kati yenu mnaijua hali ile, kazini, kwenye treni, kwenye maegesho ya gari kabla ya kuingia nyumbani. Mnajua pia kwamba kwetu jina lake lilikuwa "una mawazo tu" au "kasome dua". Kuiona kwenye katuni, ikiwa na dawa yake rahisi ya mtu kukaa karibu nawe, si jambo dogo.

Kumi la msituni

Puss anazika kofia, upanga na viatu vyake, anajificha kwenye nyumba ya bibi mmoja anayefuga paka wengi. Anafuga ndevu. Anakula kutoka kwenye bakuli la chini. Halafu anasikia kuna nyota iliyoanguka ndani ya Msitu wa Giza, na atakayeifikia atapata ombi moja. Bila shaka ombi lake ni kurudishiwa zile roho nane.

Hayuko peke yake. Kitty Softpaws, sauti ya Salma Hayek Pinault, anataka kumpata mtu mmoja wa kumwamini. Goldi, yule msichana wa hadithi ya dubu watatu, anataka familia "halisi" ingawa dubu waliomlea wako naye kila hatua, wanamlisha na kumwita binti yao. Jack Horner, aliyekua na wazazi wanaompenda na mali tele, anataka uchawi wote wa dunia uwe wake. Na yule mbwa mdogo? Hataki kitu. Kaja kwa sababu ya safari na wenzake. Watu waliomfuga walimtia kwenye soksi pamoja na jiwe wakamtupa mtoni. Aliokoka, akaifanya soksi ile kuwa fulana yake, na anaisimulia hadithi hiyo akitabasamu.

Ramani ya msitu ndiyo kitu kilichonikamata zaidi. Inabadilika kulingana na nani ameishika. Puss akiishika, njia inakuwa moto na mapango ya roho zilizopotea. Kitty akiishika, ni huzuni na upweke. Mbwa mdogo akiishika, njia inageuka bustani, na maua makubwa yanayoziba njia yanafunguka kwa mtu anayesimama kuyanusa. Wanaoyafyeka kwa panga yanawameza. Msitu ni uleule. Kinachobadilika ni mzigo aliobeba msafiri.

Roho saba, roho tisa

Nikupeni kitu kidogo cha lugha. Waingereza ndio wanaompa paka maisha tisa. Wahispania wanampa saba, na Waarabu nao wanasema ana roho saba. Sasa Puss huyu wa Kihispania, aliyetokana na hadithi ya Mfaransa Charles Perrault ya 1697, kahesabiwa kwa hesabu ya Kiingereza. Angehesabiwa kwa hesabu ya kwao, angekuwa ameshazikwa zamani!

Kiswahili chetu hakijali idadi. Tunasema tu fulani ana "roho ya paka", na mama yangu huitumia kwa mtu aliyeanguka, akaugua, akafilisika, na bado yupo. Ni sifa. Ni mtu asiyekufa upesi.

Filamu inaigeuza sifa hiyo. Kwenye pango, mbwa mwitu anajitambulisha. Yeye si mwindaji wala mhalifu. Yeye ni Kifo, na anasema hivyo bila mafumbo. Sauti yake ni ya Mbrazili Wagner Moura, yuleyule aliyeigiza Pablo Escobar kwenye Narcos. Anamwambia Puss kwamba alikuwepo kwenye vifo vyote vinane. Alimwona akizitupa roho zake moja baada ya nyingine, na jambo hilo lilimchukiza. Kwa hiyo kaja kuichukua ya tisa mapema, kwa mkono wake.

Hapo ndipo filamu inaposema neno lake: mwenye nyingi hakuithamini hata moja. Puss hakuwa jasiri katika maisha yale manane. Alikuwa na akiba tu. Ukijua unayo nyingine mfukoni, hii ya leo unaweza kuitupa.

Maisha ya akiba

Sasa niseme kwa nini filamu ya paka imenikaa kichwani miaka yote hii.

Wazazi wangu walikuja Uingereza kutoka Tanga miaka ya themanini. Baba aliendesha basi, mama alifanya kazi kwenye nyumba ya wazee, shifti za usiku. Mpango ulikuwa miaka mitano. Mnaujua mpango huo, kila nyumba iliuwa nao. Ikawa kumi, ikawa mpaka watoto wamalize shule, ikawa mpaka pensheni. Kila mwaka neno lilikuwa moja: "mwakani". Mwakani tutarudi. Mwakani nyumba ya Kange itapigwa bati. Mwakani tutaweka vigae.

Kwenye gereji ya nyumba yao kuna, au niseme kulikuwa na, jiko la gesi la pleti nne na oveni. Baba alilinunua 2009 kwa ajili ya Tanga. Jipya, karatasi ya nailoni bado imeng'ang'ania mlangoni. Muda wote huo mama amepika kwenye jiko la zamani ambalo pleti mbili zimekufa. Wali pleti moja, mchuzi pleti nyingine, chapati zingoje. Sikukuu ya watu 20, anapika kwa foleni. Ukimwambia alitoe lile la gereji anasema, "Lile la nyumbani."

Naona hiyo ndiyo roho yetu ya tisa kwa upande mwingine. Puss aliamini ana maisha mengi mbele, akayatupa. Wazee wetu waliamini wana maisha mengine yanayowangoja, wakayatunza kwenye nailoni, na haya ya hapa wakayaishi kama mtu aliyekaa stendi. Mashamba ni tofauti, mavuno ni yaleyale. Ya leo hayahesabiki, kwa sababu yapo mengine.

Na sisi watoto tumerithi, jamani, tusijifanye. Sisi hatusemi "mwakani tutarudi". Tunasema nikipanda cheo. Nikimaliza mkopo wa nyumba. Watoto wakikua kidogo. Nina rafiki ambaye ana orodha ya mambo atakayofanya "maisha yakitulia". Ana miaka 36, na daktari amemwambia shinikizo lake la damu ni la mtu wa 60.

Lakini tusiwaonee

Ningeishia hapo, ingekuwa hotuba ya kuwacheka wazee, na si haki. Ile ndoto ya Tanga ndiyo iliyomwamsha baba saa kumi alfajiri kwenye baridi ya Januari. Abiria akimtukana, alikuwa na mahali pa kwenda akilini. Mtu ambaye hana kwingine angevunjika. Nyumba ya Kange ilikuwa inamlinda kabla haijawa na bati.

Filamu yenyewe inalijua hilo. Haisemi ombi ni dhambi. Kitty kutaka mtu wa kumwamini, kuna ubaya gani? Goldi kutaka familia, nani atamlaumu? Tatizo linakuja pale ombi linapokuzuia kuona kilicho mbele yako. Goldi anakaribia kulipata ombi lake, na wakati huohuo ndugu yake dubu mdogo anakaribia kufa. Anaachia ramani na kumwokoa. Familia aliyokuwa anaitafuta ilikuwa inamwita jina muda wote.

Na kuna Pinocchio, niliyosema nitairudia. Angalieni ajabu: mwaka uleule, studio mbili tofauti, jambo lilelile. Pinocchio wa del Toro naye anakufa na kurudi, anakufa na kurudi, anaonana na Kifo kila safari. Mwishoni anakubali kuwa wa kufa ili amwahi baba yake anayezama. Mmoja paka, mmoja mti wa msonobari, na wote wawili wanaambiwa kwamba uhai unaanza kuwa na thamani unapokubali kuwa una mwisho. Pinocchio ikachukua tuzo. Mimi bado namchagua paka, kwa sababu moja: Pinocchio anakufa kwa ajili ya mtu. Puss anafanya lililo gumu zaidi kwa wengi wetu. Anabaki hai kwa ajili ya watu.

Swali la kwenye sofa

Filamu ilipoisha binti yangu aliuliza, "Mama, Babu naye atakufa?"

Nadhani wengi mmeulizwa. Na mnajua sisi tulijibiwaje. Kiswahili kina maneno mengi mazuri ya kukifunika kifo: ametangulia, ametutoka, hatunaye. Kwa watu wazima ni heshima. Kwa mtoto aliyezaliwa huku ni fumbo. Mimi nikiwa na miaka minane simu ililia usiku, mama akakaa kwenye ngazi akalia, na niliambiwa "Bibi amesafiri". Hakukuwa na mwili, wala matanga, wala turubai mbele ya nyumba, wala watu waliolala sebuleni siku tatu. Kulikuwa na simu, na asubuhi yake mama akaenda kazini. Mtoto wa Tanga angeona kila kitu na angeelewa bila kuelezwa. Mtoto wa huku, asipoambiwa, haoni chochote.

Kwa hiyo nilimjibu, "Ndiyo, siku moja. Sijui lini. Leo yupo." Akafikiri kidogo akasema, "Basi tumpigie." Tukampigia. Walizungumza kuhusu paka.

Lakini swali lilibaki kwangu. Jumapili iliyofuata, baada ya chakula, nilimuuliza baba lile ambalo sisi watoto wanne tulikuwa tunalikwepa: ikitokea, tukuzike wapi? Mama akasema, "Mbona unauliza mambo hayo mezani?" Baba akacheka. "Mwanangu, una haraka na mimi?"

Kisha akanyamaza. Mnajua maana ya swali hili huku. Kuusafirisha mwili kuna taarifa kwa coroner, kuna dawa za kuhifadhi mwili, jeneza maalumu, ndege, na michango ya jamii inayopitishwa kwenye makundi ya WhatsApp huku familia bado inalia. Na kuna kaka na dada wanaogombana kwa sababu marehemu hakusema. Nimeyaona kwa jirani, na ndugu wale mpaka leo hawasalimiani.

Baba akasema, "Nikifia hapa nizikeni hapa, upesi. Msinifunge kama mzigo wa kontena. Lakini nikiwa hai, nipelekeni." Akarudia neno la mwisho.

Miaka yote tulidhani anangoja nyumba iishe. Kumbe naye alikuwa anaogopa kwamba atarudi akiwa amelala.

Mama, ambaye hakutaka mazungumzo mezani, ndiye aliyemaliza. "Basi na lile jiko liingie ndani."

Tukaita fundi wa gesi mwenye leseni. Akaliangalia, akatikisa kichwa. Jiko lilitengenezwa kwa gesi ya mtungi, si ya bomba, na vipuri vya kulibadilisha havipatikani tena. Miaka yote ile mama alikuwa anatunza kitu ambacho jikoni kwake kisingewaka hata siku moja. Tulicheka mpaka baba akashika mbavu. Sasa mama ana jiko jipya, pleti zote nne zinawaka. Lile la zamani limetangulia Tanga kwenye kontena, huko kwenye mitungi, na wenyewe walilifuata Desemba kwa miezi miwili. Hawakwenda kukagua mafundi. Walikwenda kulala kwenye nyumba yao. Vigae vya chumba cha nyuma bado, na baba anasema havijamzuia kupata usingizi.

Mbwa mwitu anaondoka

Mwisho wa filamu, Puss amefika kwenye nyota, na ramani iko mkononi mwake. Angeweza kuomba zile roho nane. Mbwa mwitu yuko mbele yake, miundu tayari. Puss anaachana na ombi, anachukua upanga, na wanapigana. Safari hii haringi wala haimbi. Anamwambia Kifo wazi kwamba anajua hawezi kumshinda kamwe, ila uhai huu mmoja ataupigania.

Na mbwa mwitu anakasirika! Alikuja kumchukua yule mwenye majivuno aliyekuwa anamcheka, na hamwoni tena. Analalamika kwa Kihispania, anashusha miundu, na anaondoka akimkumbusha kwamba siku yao ipo. Puss anajua. Hambishii.

Ninaipenda sehemu hiyo kwa sababu haidanganyi watoto. Kifo hakikushindwa. Kiliahirishwa, kama kilivyoahirishwa kwa kila mmoja wetu anayesoma hapa asubuhi ya leo. Wahenga walisema leo ni leo, asemaye kesho ni mwongo. Puss alihitaji kufa mara nane kuelewa msemo ambao bibi zetu walitupa bure.

Kwa wazazi: filamu inatisha kidogo. Damu ipo, na mluzi ule utabaki masikioni. Kwa mtoto wa chini ya miaka sita ningengoja. Kwa wakubwa, kaeni nao, msiwaachie rununu mkaenda kuosha vyombo. Swali litakuja, na wewe ndiye unayepaswa kuwepo likija.

Sasa zamu yenu. Nataka mambo mawili. La kwanza: nyumbani kwenu kuna nini kwenye nailoni? Seti ya vikombe, sofa, doti za kanga, suti, sanduku juu ya kabati? La pili ni gumu zaidi: umeshawauliza wazazi wako wanataka wazikwe wapi, na walisema nini? Tutumieni sauti, dakika mbili zisizidi, na tutazisikiliza kwenye kipindi kijacho. Kama hujawauliza, basi leo wapigie simu tu. Si lazima uanze na hilo swali. Anza na paka.